Maisha ya Kabaka Mwanga: Ikulu Ilipotaka Kushika Kanisa

Somo: 2 Nyakati 26:16–21



Mfalme Uzia alianza vizuri. Alijenga minara, akachimba visima, akapanga jeshi, na jina lake likavuma hadi Misri. Halafu siku moja akashika chetezo, akaingia hekaluni kufukiza uvumba yeye mwenyewe, kazi ambayo Mungu alikuwa amewapa makuhani. Makuhani themanini wakamfuata ndani wakamwambia atoke. Alitoka, lakini alitoka na ukoma kwenye paji la uso.

Tulipofundisha habari hii katika darasa la Jumatano, wengi waliuliza ubaya uko wapi mfalme akisimamia mambo ya hekalu. Si ndiyo dini itapata nguvu? Nimeona nijibu kwa maisha ya mtu ambaye hayumo katika Biblia, mtu wa hapa jirani. Ni Mwanga wa Pili, Kabaka, yaani mfalme, wa Buganda. Wengi wetu tunamjua kwa jambo moja tu, kwamba ndiye aliyewaua mashahidi wa Uganda. Hiyo ni kweli, lakini ni nusu ya habari. Nusu ile nyingine inatuhusu zaidi sisi tulio ndani ya kanisa.

Nyumba aliyokulia

Mwanga alizaliwa mwaka wa 1868. Baba yake, Muteesa wa Kwanza, alikuwa mfalme mwerevu ambaye aliona dini kama chombo cha kutawalia. Kwanza aliupokea Uislamu kutoka kwa wafanyabiashara wa pwani, akafunga Ramadhani, akajenga msikiti. Lakini vijana wake walipoushika Uislamu kwa moyo wote, wakakataa kula nyama iliyochinjwa na wachinjaji wa ikulu, Muteesa aliona wamempita. Mwaka wa 1876 aliagiza wauawe. Waliokufa walikuwa wapatao 70, na mahali penyewe palikuwa Namugongo. Kumbe Namugongo ilimwaga damu ya watu wa imani miaka kumi kabla ya mashahidi tunaowajua.

Mwaka wa 1875 Muteesa alikutana na Stanley, akaomba waalimu wa dini waletwe. Waanglikana wa CMS walifika mwaka wa 1877, na mmoja wao mashuhuri, Alexander Mackay, akafika mwaka uliofuata. Mapadre Weupe kutoka Ufaransa walifika Februari 1879. Muteesa aliwaweka wote karibu na ikulu. Leo anamsikiliza huyu, kesho yule. Hakubatizwa popote. Alitaka dini zote ziwe chini ya mkono wake, na kila moja iendelee kumbembeleza.

Wapendwa, tusije tukadhani jambo hili lilikuwa la Afrika peke yake. Hao wamishenari wa Kiingereza walitoka katika nchi iliyokuwa imelipa gharama kubwa kwa sababu hiyo hiyo. Mwaka wa 1534 mfalme Henry wa Nane alijitangaza mkuu wa kanisa la Uingereza. Kutoka hapo, nani anaabudu vipi ikawa ni amri ya ikulu. Miaka mia moja baadaye, mwaka wa 1637, mfalme Charles wa Kwanza aliwalazimisha Waskoti kutumia kitabu chake cha sala. Waskoti wakakataa, wakachukua silaha. Mwaka wa 1642 Uingereza yenyewe ikaingia vita vya wenyewe kwa wenyewe, na Januari 1649 mfalme akakatwa kichwa mbele ya watu. Yalikuwepo mambo mengine pia, kodi na bunge, lakini kanisa lilikuwa katikati. Basi hili ni gonjwa la kale, na halichagui rangi ya mtu.

Kijana kwenye kiti

Muteesa alikufa Oktoba 1884. Mwanga alikalia kiti akiwa na miaka 16 hivi. Hebu fikiria kijana wa kidato cha pili au cha tatu hapa Umoja, umpe nchi nzima, jeshi, na uwezo wa kuua bila kuulizwa.

Tena alikuwa na sababu za kuogopa, tusimwonee. Wajerumani walikuwa wameanza kunyakua nchi upande wa pwani. Waganda walikuwa na imani kwamba adui atakayeimeza nchi yao ataingilia mashariki. Na pale ikuluni kwake, vijana waliomtumikia walikuwa wanajifunza kusoma kwa Mackay na kwa mapadre. Watu waliwaita wasomaji. Nafurahi kuwaambia kwamba maandiko ya kwanza kwanza waliyosoma yalikuwa ya Kiswahili, lugha hii yetu, kabla ya Injili kutafsiriwa kwa Kiganda.

Shida ya Mwanga na wasomaji hao haikuwa kwamba walikuwa waasi. Walikuwa watumishi bora. Shida ni kwamba walikuwa na mahali fulani moyoni ambapo Kabaka hangeweza kuingia. Katika Buganda ya wakati ule, mwili na uhai wa kila mtu ni mali ya Kabaka. Sasa hapa kuna kijana anasema kwa upole, hapana, hili siwezi, kuna Bwana mwingine. Walikataa hata yale mambo ya mwili ambayo Mwanga aliwataka wafanye naye, kwa sababu imani yao iliwakataza.

Tarehe 31 Januari 1885 alianza na watatu wa kanisa la Anglikana, Makko Kakumba, Nuwa Serwanga na Yusufu Lugalama, wakauawa huko Busega. Oktoba mwaka huo ikaja zamu ya askofu James Hannington. Huyu alitoka pwani yetu, akavuka nchi ya Wamasai, akafika mahali panapoitwa leo Mumias, akaendelea hadi Busoga. Aliingia kwa njia ya mashariki, njia ile ile iliyoogopwa. Tarehe 29 Oktoba aliuawa pamoja na wengi wa wapagazi wake kwa agizo la Mwanga.

Hapa kuna jambo nataka uliweke akilini, tutalirudia. Ikuluni kulikuwa na kiongozi wa watumishi aliyeitwa Joseph Mukasa. Alikuwa Mkatoliki. Alimwendea Mwanga akamkemea kwa kumwua Hannington. Tarehe 15 Novemba 1885 Mukasa aliuawa. Yaani Mkatoliki alikufa kwa sababu alilia damu ya askofu wa Kiprotestanti.

Mwaka uliofuata, Mei na Juni, moto ukawaka sawasawa. Tarehe 3 Juni 1886 vijana waliviringishwa kwa matete wakachomwa Namugongo, Wakatoliki na Waprotestanti kwa moto mmoja, kila mmoja akiomba kwa namna aliyofundishwa. Kati yao alikuwa Charles Lwanga, na mtoto Kizito wa miaka 14 hivi. Kwa ujumla mashahidi wanaokumbukwa kwa majina ni 45, Wakatoliki 22 na Waanglikana 23. Hawakurusha jiwe. Hawakutaka kiti cha mtu. Walitaka tu kumpa Kaisari yaliyo ya Kaisari, na ya Mungu wampe Mungu.

Wasomaji wapewa bunduki

Sasa tuingie ile nusu ya pili, ambayo kwa kawaida haihubiriwi.

Baada ya kuua, Mwanga alibadilisha mbinu. Aliona wasomaji hawaishi, basi afadhali awatumie. Aliunda vikosi vipya vyenye bunduki, akaviweka chini ya vijana wa dini hizi mpya ili awapunguzie nguvu machifu wazee wa baba yake. Mmoja wa viongozi alikuwa Apolo Kagwa, Mprotestanti ambaye Mwanga mwenyewe alikuwa amempiga vibaya mwaka wa 1886. Mwingine alikuwa Honorat Nyonyintono, Mkatoliki. Waislamu nao walikuwa na vikosi vyao. Vikosi hivi vilipora ng'ombe na kusumbua wananchi kwa jina la Kabaka.

Unaona kilichotokea? Dini haikuwa tena imani ya moyoni peke yake. Ilikuwa kambi, na kila kambi ilikuwa na bunduki, na bunduki hizo zilitoka ikulu.

Mwaka wa 1888 Mwanga alishtuka akaona amejifugia simba. Mwezi wa Septemba alipanga kuwapeleka wote, Wakristo na Waislamu, kwenye kisiwa katika ziwa Victoria, awaache huko wafe njaa. Habari ikavuja. Kwa mara moja kambi zote zikaungana, zikamfukuza, wakamweka ndugu yake Kiwewa. Mwanga akatoroka kwa mtumbwi.

Watu walidhani mambo yameisha. Wapi! Walikuwa wameondoa mtu, lakini ule utaratibu wa ikulu kumiliki dini waliuacha palepale. Kila kambi ilijua kwamba anayeshika Kabaka ndiye ataabudu kwa amani, na wengine watakimbia. Mwezi wa Oktoba Waislamu waliwafukuza Wakristo kutoka mji mkuu. Kisha wakamtaka Kiwewa atahiriwe. Akakataa, wakamwondoa kabla ya miezi miwili kwisha, wakamweka Kalema aliyekubali. Kalema, kwa hofu ya kupinduliwa, aliua Kiwewa na wana na mabinti wengi wa kifalme.

Wakristo walikimbilia nchi ya Nkore. Na Mwanga je? Alifika kusini mwa ziwa, nchi ambayo leo ni Tanzania. Waarabu wa huko walimtendea vibaya. Mwishowe alibisha mlango wa misheni ya Mapadre Weupe huko Bukumbi. Watu ambao aliwachoma wanafunzi wao ndio waliompa chakula na mahali pa kulala, wakaanza kumfundisha dini. Mimi nikisoma sehemu hiyo, husimama kidogo. Kama Mwanga angeachwa hapo, mtu aliyeshindwa, asiye na kiti, anajifunza kuomba, pengine maisha yake yangekuwa mengine.

Lakini Wakristo walihitaji Kabaka. Bila Kabaka hawawezi kurudi nyumbani. Wakamtafuta yule yule aliyewachoma ndugu zao, wakampigania kwa miaka ya 1889 na 1890. Nyonyintono akafa vitani. Kalema akashindwa, akafa kwa ndui. Mwanga akarudi Mengo, safari hii akiwa Kabaka wa Wakristo.

Vyeo kwa jina la Yesu

Wakaketi kugawana nchi. Vyeo viligawanywa nusu kwa nusu kati ya Wakatoliki na Waprotestanti. Kagwa akawa Katikiro, yaani waziri mkuu. Wakakubaliana kwamba chifu akibadilisha dhehebu, anaacha cheo chake. Soma hapo tena, mpendwa. Mtu akisoma Maandiko, akasadikishwa na dhamiri yake, anapoteza shamba, watu na heshima. Mwanga alitumia moto kuzuia dhamiri za watu. Sasa Wakristo wenyewe walizuia kwa cheo.

Hata majina yalibadilika. Waprotestanti waliitwa Waingereza, Wakatoliki wakaitwa Wafaransa, na hawa wote ni Waganda, wa lugha moja, wengine wa nyumba moja.

Desemba 1890 akaja Kapteni Lugard wa kampuni ya Waingereza, na bunduki ya Maxim. Januari 1892 Mkatoliki mmoja alimwua Mprotestanti katika ugomvi wa bunduki. Mwanga, ambaye wakati huo aliegemea Wakatoliki, akaamua kwamba muuaji hana hatia. Lugard akadai hukumu ibadilishwe. Mwanga akakataa. Lugard akawapa Waprotestanti silaha. Tarehe 24 Januari 1892, siku ya Jumapili, Wakristo walipigana na Wakristo pale Mengo. Kanisa la Wakatoliki la Rubaga likachomwa. Mwanga akakimbia tena, kwanza kisiwani, kisha magharibi mwa ziwa.

Hesabu mwenyewe. Namugongo ilikuwa mwaka wa 1886, Mengo ikawa mwaka wa 1892. Miaka sita tu. Mwaka wa 1885 Joseph Mukasa, Mkatoliki, alikufa akimtetea Mprotestanti. Mwaka wa 1892 Wakatoliki na Waprotestanti waliosalia, wengine waliokuwa wameuona ule moto kwa macho yao, walipigana risasi. Ni nini kiliingia katikati? Shetani, utasema, na sipingi. Lakini alipitia mlango gani? Alipitia mlango wa ikulu. Wale wa kwanza walikataa kiti cha enzi kiingie madhabahuni. Wale wa pili walitaka madhabahu ikalie kiti cha enzi. Ukitazama kwa mbali ni mambo mawili tofauti, lakini ukisogea karibu ni kosa moja la Uzia.

Mwisho wa Mwanga

Mwanga alirudishwa Machi 1892, lakini kama kivuli. Mwaka wa 1894 nchi ikawa chini ya Waingereza. Julai 1897 alitoroka akaanzisha vita, akashindwa Buddu. Agosti walimvua ufalme, wakamtawaza mwanawe Daudi Chwa, mtoto wa mwaka mmoja. Mwanga aliponyoka kutoka kwa Wajerumani, akaungana na Kabalega wa Bunyoro, adui wa zamani wa Buganda. Tarehe 9 Aprili 1899 wote wawili walikamatwa. Walipelekwa pwani hadi Kismayu, na mwaka wa 1901 wakavushwa hadi visiwa vya Shelisheli.

Huko, mbali na ikulu, bila jeshi na bila kambi ya kumbembeleza, Mwanga alibatizwa katika kanisa la Anglikana. Jina la ubatizo likawa Danieri. Sijui kama kuna jina lingine ambalo lingefaa zaidi. Danieli ndiye aliyetupwa kwa simba kwa sababu mfalme alitoa amri kuhusu maombi, na yeye akafungua dirisha akaomba kama kawaida. Mwanga aliyetoa amri kama hizo alikufa akiwa na jina la mtu aliyezikataa. Alifariki tarehe 8 Mei 1903, miaka 35 hivi. Mwaka wa 1910 mifupa yake ilirudishwa, ikazikwa Kasubi karibu na baba yake.

Nilipotembelea Namugongo niliona kitu kilichonifanya ninyamaze. Wakatoliki wana mahali pao, kanisa kubwa la mviringo lenye nguzo 22. Waanglikana wana pao, si mbali. Na uko msikiti unaokumbuka wale Waislamu wa Muteesa. Moto ulikuwa wa ikulu moja. Ukumbusho uko mahali patatu.

Sisi wa Umoja

Sasa, jina la mtaa wetu ni Umoja, na tunaujua umoja wa kweli ulivyo. Kwa ploti moja utapata Mkatoliki, Mwakurino, Muislamu na sisi wa kupiga makofi, wote wakisubiri mfereji mmoja wa maji. Hakuna chifu aliyetupanga hivyo. Tumewezana kwa sababu hakuna kati yetu aliye na bunduki ya serikali nyuma ya sala yake. Katiba yetu ya mwaka wa 2010, kifungu cha 8, inasema wazi kwamba nchi hii haina dini ya taifa. Wengine huona hiyo ni ukosefu wa hofu ya Mungu. Mimi nikikumbuka Mengo, naona ni ukuta unaotulinda.

Na tusijidanganye kwamba sisi hatuwezi kufika huko. Baada ya uchaguzi wa Desemba 2007, damu ilipokuwa imemwagika, Baraza la Kitaifa la Makanisa lilikiri mbele ya nchi, Februari 2008, kwamba viongozi wa makanisa walikuwa wameegemea upande.

Wazee wetu wana jambo mezani, na ni heri lisemwe hadharani. Kuna mheshimiwa ameahidi kumalizia paa la kanisa letu. Kwa malipo hataki kitu, isipokuwa kusalimia watu kila mwezi kwenye madhabahu mpaka kura zipite. Najua mvua inavyotunyeshea upande wa akina mama na watoto. Nimekaa pale na ndoo, nimefagia maji pamoja na mashemasi. Hata hivyo ushauri wangu kwa wazee ni huu: aje aketi nasi kama mwenye dhambi mwingine yeyote, tumpe kiti, tumwombee, akitaka kutoa sadaka aitie kwenye kikapu kama mama mboga wa Mutindwa anavyotia yake. Lakini maikrofoni ya madhabahu isiuzwe kwa mabati. Tukimpa, msimu ujao atakuja mpinzani wake na mabati mengi zaidi, na hapo ndani kutakuwa na kambi mbili. Watakaokaa kulia hawatasalimia wa kushoto. Tutakuwa na paa zuri juu ya watu waliogawanyika.

Tunaambiwa tuwaombee wenye mamlaka, na tutawaombea kila Jumapili kwa majina. Tutalipa ushuru, tutapiga kura, tutawaambia ukweli wakikosea kama Mukasa alivyofanya. Ila chetezo kibaki kwa makuhani.

Mambo ya kuombea wiki hii katika ushirika wa nyumbani: tuwaombee Rais, Gavana na viongozi wote wapewe hofu ya Mungu. Tuombee kanisa la Uganda na majirani zetu Waislamu. Tuwaombee wazee wetu hekima kuhusu paa. Na tujiombee sisi wenyewe, tuwe na mahali moyoni ambapo hakuna mfalme mwingine anaingia isipokuwa Yesu.